Kutoka Amri hadi Madai: Msamiati wa Raia Chini ya Utawala wa Mabavu katika Nchi ya Meru

1. Utangulizi

Timau ni mji mdogo ulioko kwenye miteremko ya kaskazini-magharibi ya Mlima Kenya, kando ya barabara itokayo Nanyuki kwenda Meru. Katika enzi ya ukoloni ardhi yake ilikuwa sehemu ya zile zilizoitwa Nyanda za Juu za Wazungu. Mashamba makubwa ya ngano, ng'ombe na kondoo yaligawiwa walowezi, na kazi ikafanywa na vibarua waliotoka pande mbalimbali: Wameru wa Imenti, Wakikuyu, Waturkana, Wasamburu na wengineo. Baada ya uhuru wa 1963 baadhi ya mashamba yalipita mikononi mwa wananchi, mengine yakabaki makubwa kama yalivyokuwa, na katika miongo ya karibuni kilimo cha maua na mboga za kuuza ng'ambo kimeleta wafanyakazi wengine wengi. Mahali penye mchanganyiko wa watu namna hii hapawezi kutosheka na lugha moja ya kikabila. Kiswahili ndicho kilichowakutanisha watu hao shambani, sokoni na mbele ya chifu.

Makala haya yanakusudia kueleza jinsi lugha hiyo, ambayo katika nchi za bara kama Timau iliingia kwanza kuwa lugha ya kuamrishia, ilivyopata kuwa lugha ya kudaia haki. Suala lenyewe si la wanaisimu peke yao. Utawala wa mabavu hautumii bunduki na gereza tu. Hutumia pia majina. Anayepewa uwezo wa kuamua kwamba mkutano fulani ni "baraza" na mwingine ni "uchochezi" amekwisha kupata nusu ya ushindi kabla polisi hawajafika. Kwa sababu hiyo, historia ya vyama vya hiari na ya wanaharakati nchini Kenya inaweza kusomwa pia kuwa historia ya maneno machache ya Kiswahili, yaliyogombaniwa baina ya wenye kutawala na wenye kutawaliwa.

2. Kiswahili cha amri

Inafaa kuanza na shamba la mlowezi. Huko ndiko kulikozaliwa kile kilichokuja kuitwa Kisetla, yaani Kiswahili cha Wazungu wenye mashamba. Sifa zake zinajulikana: upatanisho wa ngeli ulipuuzwa, nyakati za kitenzi zikapunguzwa, na sentensi iliyotawala ikawa ile ya amri. Lugha hiyo ilikuwa na maneno ya kutosha ya kumwambia mtu alete, abebe, akamue, aondoke. Haikuwa na haja ya maneno ya kumwuliza ana maoni gani. Pamoja nayo yalikuja majina ya vitu vilivyoshikilia maisha ya kibarua. Mnyapara alikuwa msimamizi. Posho ilikuwa chakula cha kupimiwa. Kipande, ambacho kwa Kiswahili cha kawaida ni sehemu tu ya kitu, kikawa cheti cha kazi ambacho kila mwanamume Mwafrika alilazimishwa kukichukua baada ya Vita Kuu ya Kwanza, na ambacho bila ya kutiwa sahihi na bwana wake hakuweza kuhamia kwingine.

Upande wa pili wa mpaka wa mashamba, katika sehemu zilizotengewa Wameru, amri ilipitia kwa chifu. Sheria ya mwaka 1912 ilimpa chifu na wazee wa vijiji mamlaka ya kutoa maagizo juu ya mambo mengi ya kila siku, na misingi yake iliendelea katika sheria za baadaye, ukoloni ukaisha, uhuru ukaja, nayo ingalipo. Hivyo mwananchi wa kawaida aliikuta serikali, kwa sehemu kubwa, katika sauti ya mtu mmoja aliyesimama mbele yake na kusema kwa njeo ya amri. Hali hii haikuwa ya Kenya peke yake. Nchini Uganda Kiswahili kilihusishwa kwa muda mrefu na kambi za askari, na uamuzi wa Idi Amin wa 1973 wa kukifanya lugha ya taifa haukukisaidia kupendwa na wale waliokuwa wamekisikia zaidi kutoka kwa mtu mwenye bunduki. Lugha hubeba kumbukumbu za mahali ilikosikika kwanza.

3. Baraza, chama na kibali

Neno "baraza" lina historia ya kufundisha sana. Katika miji ya pwani, baraza ni kikao cha mawe au cha udongo kilichojengwa mbele ya nyumba, mahali pa wenye nyumba na majirani kuketi jioni, kunywa kahawa, kubishana na kupeana habari. Mwenye nyumba huketi kimo kimoja na mgeni wake, na hakuna atakayemtaka mwenziwe kibali cha kusema. Watawala wa kikoloni walilichukua neno hili wakalipeleka bara, na huko likapata maana mpya: mkutano ulioitishwa na mkuu wa wilaya au chifu, ambapo watu huketi nyasini, mkubwa huketi kitini, na shughuli yenyewe ni kutangaza yaliyokwisha kuamuliwa. Jina likabaki lile lile, lakini kilichokuwa ndani yake kikageuzwa. Vijana wa Timau waliozaliwa baada ya uhuru walilijua baraza la namna hii muda mrefu kabla ya kuiona baraza ya nyumba ya Mswahili, kama waliwahi kuiona.

Neno "chama" nalo lilipita njia inayokaribiana na hiyo. Lina mfanano ulio wazi na neno la Kimeru na la Kikuyu kwa baraza la wazee, "kiama". Kwa Wameru, kilele cha mabaraza hayo ni Njuri Ncheke, chombo cha wazee chenye kutunga na kuhukumu mambo ya mila. Ingekuwa rahisi kusema kwamba chombo kama hicho daima kilikuwa ngao ya raia dhidi ya serikali. Historia haikubali urahisi huo. Mwaka 1956, katikati ya hali ya hatari, Njuri Ncheke ilipiga marufuku tohara ya wasichana kwa ushirikiano na wakuu wa serikali ya kikoloni. Wasichana wengi walikaidi, wakajikata wao kwa wao, wakajulikana kwa neno moja la Kimeru, "Ngaitana", maana yake "nitajitahiri". Maelfu ya watu walishtakiwa katika miaka iliyofuata. Leo mila yenyewe inapingwa na sheria na na Wameru wengi, na si kusudi la makala haya kuitetea. Linalotakiwa kuonekana ni kwamba chombo cha jadi kinaweza kutumiwa na dola, na kwamba watu wasio na chombo chochote wanaweza kujipa jina kwa kitenzi kimoja cha nafsi ya kwanza.

Kuhusu vyama vya siasa, serikali ya kikoloni ilikipiga marufuku chama cha KAU mwaka 1953. Mwaka 1955 iliruhusu tena Waafrika kuunda vyama, lakini kwa kiwango cha wilaya tu. Na katika Mkoa wa Kati, ambao wakati huo ulizihusisha Meru na Embu, hata hivyo havikuruhusiwa. Katika uchaguzi wa 1957 Mkikuyu, Membu au Mmeru aliyetaka kupiga kura alihitaji kwanza cheti cha kuthibitisha utii wake. Kwa maneno mengine, uraia ulikuwa kitu cha kuombwa na kupewa.

Fikra hiyo haikufa mwaka 1963. Chama cha KPU kiliundwa 1966 kikapigwa marufuku 1969. Juni 1982 katiba ilibadilishwa na kuifanya KANU kuwa chama pekee kilichoruhusiwa na sheria. Tangu hapo ilizoeleka kukiita chama hicho "baba na mama". Sitiari hii inastahili kutazamwa kwa makini. Chama kwa asili ni watu waliokusanyika kwa hiari yao. Mtu huingia na hutoka. Baba na mama hawachaguliwi wala hawajiuzuliwi. Kwa kulivisha neno la hiari vazi la ukoo, watawala walikifanya kitendo cha kujitoa chamani kionekane kuwa utovu wa adabu, na si haki ya mtu.

Nyuma ya maneno haya yote lilisimama neno dogo: "kibali". Chini ya sheria ya usalama wa umma, mkutano wa hadhara ulihitaji leseni ya serikali. Kikundi cha wanawake cha kuweka akiba, mkutano wa wazazi, kikao cha wakulima wenye malalamiko juu ya maji ya mto, vyote viliweza kuulizwa: mmepewa kibali na nani? Jambo kama hilo limeonekana hata Tanzania baada ya vyama vingi kurudi. Huko wanawake walilichukua neno "baraza" wakaunda Baraza la Wanawake Tanzania, BAWATA. Mwaka 1997 serikali ililifutia usajili, na ilichukua miaka mingi mahakamani kabla ya uamuzi huo kutenguliwa.

4. Maneno ya lawama

Utawala usiotaka kupingwa huhitaji pia majina ya wale wanaoupinga. Mawili kati ya hayo yalitumika zaidi: siasa na uchochezi.

Katika Kiswahili cha zamani "siasa" ilikuwa sifa njema. Makamusi ya zamani hulieleza neno hili kwa maana ya upole, uangalifu na utaratibu wa kuendesha jambo bila ya pupa. Kufikia miaka ya 1950, na tena chini ya chama kimoja, lilikuwa neno la kuonyea: mwalimu aliambiwa afundishe asilete siasa, kasisi ahubiri asifanye siasa, mkulima apande kahawa aachane na siasa. Ajabu ni kwamba waliosema hivyo walikuwa wanasiasa. Maana iliyokusudiwa ni kwamba siasa ni kazi ya wachache walioruhusiwa, na kwa wengine wote ni kosa.

"Uchochezi" unatoka katika kitenzi "chochea", yaani kusukuma kuni ndani ya jiko ili moto uwake zaidi. Katika maana yake ya asili hakuna ubaya wowote. Asiyechochea hali chakula kilichoiva. Lakini sitiari hiyo inaficha hoja. Kumwita mtu mchochezi ni kukubali kwamba moto tayari upo, halafu kumlaumu aliyesogeza kuni badala ya kuuliza nani aliyeuwasha. Ni kwa kosa la namna hiyo ambapo Abdilatif Abdalla, kijana wa Mombasa, alifungwa kutoka 1969 hadi 1972 kwa sababu ya waraka alioutoa 1968 uitwao "Kenya: Twendapi?". Yafaa kukumbukwa kwamba waraka huo uliandikwa kwa Kiswahili. Kichwa chake hakikuwa tamko wala tusi, kilikuwa swali. Dola ilioelekea kustahimili mengi yaliyosemwa kwa Kiingereza katika kumbi za chuo haikustahimili swali la neno moja lililoulizwa kwa lugha ambayo kila mtu sokoni aliielewa.

Miaka kumi baadaye yalitokea mengine kama hayo. Ngũgĩ wa Thiong'o alitiwa kizuizini mwisho wa mwaka 1977, baada ya tamthilia ya Kikuyu aliyoiandika pamoja na Ngũgĩ wa Mirii kuchezwa na wakulima na wafanyakazi wa Kamĩrĩĩthũ na kisha kunyimwa leseni. Alamin Mazrui, mwandishi wa tamthilia ya Kiswahili "Kilio cha Haki", alitiwa kizuizini 1982. Katika kila kisa kilichoshtua serikali ni lugha iliyofika kwa watu.

5. Nyayo na maandamano

Mwaka 1978 Rais Daniel arap Moi alishika madaraka kwa ahadi ya kufuata nyayo za mtangulizi wake. Neno "nyayo" likawa jina la falsafa ya serikali, la mabasi, la wodi za hospitali na la jengo refu mjini Nairobi. Katika miaka ya 1980 watu walioshukiwa kuwa wafuasi wa Mwakenya, chama cha siri ambacho jina lake lilifupishwa kutokana na Muungano wa Wazalendo wa Kukomboa Kenya, waliteswa katika vyumba vya chini vya jengo hilo. Mahakama za Kenya baadaye ziliwapa fidia wengi wao. Hivyo neno lililokuwa na maana ya alama ya mguu ardhini likawa kwa baadhi ya watu jina la mahali ambapo mtu hakujua kama ni usiku au mchana.

Hapa panafaa kutiliwa maanani jambo la sarufi. Kitenzi "fuata" kinahitaji yambwa: mtu humfuata fulani. Aliye mbele ni mmoja, na walio nyuma hutazama mgongo wake. Kinyume chake, ukiyakusanya maneno ambayo wananchi walijiitia mikusanyiko yao, utaona kwamba mengi yamejengwa kwa mnyambuliko wa kutendana, ule wenye kiambishi -an-. Mkutano unatokana na kukutana. Muungano na kuungana. Kongamano na kukongamana. Mapambano na kupambana. Mashauriano na kushauriana. Ushirikiano na kushirikiana. Hata neno "upinzani" lina kiini cha kupinzana. Neno "maandamano" ndilo lenye mfano ulio bora kuliko yote. Mzizi wake ni "andama", ambao maana yake ni kufuata. Lakini tofauti na "fuata nyayo", andamana ni kufuatana: kila mmoja ni mfuasi na kila mmoja ni kiongozi wa mwenziwe. Sarufi yenyewe inaonyesha tofauti kati ya msafara wa mkubwa na mwendo wa raia.

Haidaiwi kwamba waliotumia maneno haya walifanya hesabu ya viambishi. Wala haidaiwi kwamba serikali haina maneno ya -an-. Inayo, na ilipenda sana kutaja ushirikiano. Ila si jambo la bahati kwamba lugha ya Kibantu yenye njia rahisi ya kueleza kitendo cha pande mbili iliwapa watu chombo pale ambapo lugha ya amri ilikuwa na upande mmoja tu.

Neno jingine la miaka hiyo ni "mlolongo". Kwa kawaida ni safu ya watu au vitu vilivyofuatana. Kuanzia 1986 likawa jina la utaratibu wa wapiga kura kupanga foleni nyuma ya mgombea au picha yake, bila ya kura ya siri, na uteuzi wa wagombea wa KANU kwa uchaguzi wa 1988 ulifanywa hivyo. Ilitokea mahali pengi kwamba mlolongo mfupi ulitangazwa kuwa ndio mrefu. Watu walioona kwa macho yao wenyewe waliambiwa kwamba hawakuona. Hapo neno likageuka; kusema "mlolongo" kukawa ni kusema wizi, na mwisho wa mwaka 1990 utaratibu huo uliachwa.

6. Fumbo na mimbari

Pale ambapo kauli ya wazi ni hatari, Kiswahili kina desturi ya kale ya fumbo. Washairi wa Mombasa na Lamu wa karne ya 19 walitupiana mafumbo katika magomvi ya miji yao, na Abdilatif Abdalla aliurithi ustadi huo. Mashairi aliyoyatunga gerezani yalichapwa 1973 katika diwani ya "Sauti ya Dhiki". Fumbo humlinda msemaji, kwa kuwa anayekasirika lazima kwanza akiri kwamba amejitambua.

Katika nchi ya Meru na Embu, ambako utamaduni wa ushairi wa pwani haukufika kwa nguvu, kazi ya fumbo ilifanywa na Biblia. Mfano ulio mashuhuri ni wa David Gitari, aliyewekwa kuwa askofu wa Kianglikana wa dayosisi ya Mlima Kenya Mashariki mwaka 1975. Makao yake yalikuwa Embu, na eneo lake lilienea hadi Meru, Isiolo na Marsabit, hata Timau ikawemo ndani yake. Mwaka huo huo, mbunge J. M. Kariuki alipouawa, Gitari alitoa mazungumzo ya redio juu ya utakatifu wa uhai wa binadamu, akakitumia kisa cha Kaini na ndugu yake ambaye damu yake ililia kutoka ardhini. Hakumtaja muuaji. Hakuna aliyehitaji kutajiwa.

Mwaka 1987 alihubiri juu ya Danieli katika tundu la simba: jinsi wakuu wa ufalme walivyomshawishi mfalme atie sahihi sheria isiyoweza kubadilishwa, pasipo mashauriano, ili kumnasa mtu mmoja mwaminifu. Wakati huo Kenya ilikuwa ikibadilisha katiba yake kwa haraka na kuingiza kura ya mlolongo. Wanasiasa walimshambulia kwa maneno makali, na kwa kufanya hivyo wakakubali kwamba wameiona sura yao katika wale wakuu. Aprili 1989 nyumba yake huko Kirinyaga ilivamiwa usiku na genge la watu. Aliokoka kwa sababu mayowe yalipigwa na majirani wakayaitikia.

Kisa hicho kina somo juu ya asasi za kiraia ambalo si rahisi kulipata katika vitabu vya nadharia. Kanisa lilikuwa moja ya mahali pachache ambapo watu waliweza kukutana kila wiki bila ya leseni. Lilikuwa na ofisi, magari, magazeti na uhusiano wa ng'ambo. Lakini usiku ule, kilichomwokoa askofu ni desturi iliyo ya zamani kuliko ofisi zote: apigaye yowe huitikiwa. Asasi zenye usajili huota mizizi pale tu ambapo wajibu huo usioandikwa bado upo.

7. Kutafsiri haki

Pamoja na hayo, kulikuwa na pengo kubwa. Amri zilimfikia mwananchi kwa Kiswahili, lakini haki zake zilibaki katika Kiingereza. Katiba ya uhuru iliandikwa kwa Kiingereza. Kiswahili kiliingia Bungeni mwaka 1974, lakini miswada iliendelea kuandikwa kwa Kiingereza. Mwanasheria Gitobu Imanyara, mzaliwa wa Meru, alianzisha mwaka 1987 jarida la "Nairobi Law Monthly", ambalo lilichambua bila ya woga katiba na hukumu za mahakama. Kwa ajili yake alitiwa kizuizini Julai 1990, na mwaka huo huo jarida likapigwa marufuku. Ushujaa wake hauna shaka. Hata hivyo kibarua wa shamba la ngano la Timau asingeweza kulisoma jarida hilo. Kati ya mwanasheria na kibarua, ambao walitoka nchi moja, kulikuwa na ukuta wa lugha ambao serikali haikuujenga yenyewe, lakini iliufaidi.

Ukuta huo ulianza kubomoka kwa maneno mafupi. Tarehe 7 Julai 1990, siku iliyokusudiwa mkutano wa Kamukunji wa kudai vyama vingi, ilipata jina la Saba Saba, jina ambalo halikuhitaji kufasiriwa kwa mtu yeyote. Neno "mageuzi" likaenea. Desemba 1991 kifungu cha chama kimoja kikaondolewa. Februari 1992 akina mama wa wafungwa wa kisiasa, wakiwa pamoja na Wangari Maathai, walipiga kambi katika bustani ya Uhuru mjini Nairobi. Polisi walipowashambulia tarehe 3 Machi, baadhi yao walivua nguo, laana ambayo kila jamii ya nchi iliifahamu bila ya mkalimani.

Mwaka 1997 sheria kadhaa zilirekebishwa. Kosa la uchochezi dhidi ya serikali lilifutwa, mamlaka ya chifu yakapunguzwa, na badala ya leseni ya mkutano ikawekwa taarifa: waitishao mkutano wawaarifu polisi si chini ya siku 3 wala zaidi ya siku 14 kabla. Tofauti ya maneno haya mawili ni kubwa. Aombaye kibali husubiri jibu. Atoaye taarifa hasubiri. Hata hivyo mazoea ya lugha hufa pole pole, na kwa miaka mingi baadaye polisi waliendelea kusema kwamba maandamano fulani "hayakuruhusiwa", kana kwamba sheria haikubadilika.

Wakati wa mjadala wa katiba mpya Rais Moi alipata kuuliza kama Wanjiku, yaani mwanamke wa kawaida wa kijijini, anajua katiba ni nini. Alikusudia dhihaka. Watu walilipokea jina hilo wakalifanya cheo: Wanjiku akawa ndiye mwenye katiba. Katika mwaka 2002 tume iliyoongozwa na Yash Pal Ghai ilizunguka katika majimbo yote ya uchaguzi ikiyanukuu maoni ya watu, nao walisema kwa Kiswahili, Kiingereza na lugha za kwao. Huenda hilo ndilo lilikuwa baraza la kwanza la serikali ambalo mkubwa alikaa kimya akaandika, na mwananchi akasema. Katiba iliyozinduliwa tarehe 27 Agosti 2010 inakitambua Kiswahili kuwa lugha ya taifa na pia lugha rasmi, na inampa kila mtu haki ya kukusanyika na kuandamana kwa amani bila ya silaha.

8. Raia, mwananchi, mwanaharakati

Limebaki swali la jina la mashirika yenyewe. Nchini Kenya yalizoeleka kuitwa "mashirika yasiyo ya kiserikali". Jina hili lina kasoro: linakitambulisha kitu kwa kile ambacho sicho, kana kwamba serikali ndiyo jua na vingine vyote ni vivuli. "Asasi za kiraia", jina lililoenea Tanzania pia kwa kifupi cha AZAKI, ni bora zaidi, ingawa neno "raia" nalo lina utata. Asili yake ni Kiarabu, na huko lilimaanisha kundi la mifugo lenye mchungaji, kisha watu walio chini ya mtawala. Neno la kuchungwa likawa neno la mwenye haki. "Mwananchi" halina mzigo huo. Ni mwana wa nchi, na mwana hurithi. Kwa mtu wa Timau, ambako ardhi yenyewe ilinyang'anywa, neno hilo lilikuwa dai kabla halijawa salamu ya wanasiasa. Baimungi, jemadari wa Mau Mau wa Meru, aliyebaki msituni baada ya uhuru akidai ardhi, aliuawa mwaka 1965 na majeshi ya serikali ya wananchi.

"Mwanaharakati" limejengwa kwa namna hiyo hiyo, pamoja na neno lenye asili moja na "haraka". Wapo wanaolitumia kwa kejeli, kwa maana ya mtu wa fujo anayelipwa na wageni. Juni 2024, vijana wa Kenya walipoandamana katika miji mingi kuupinga mswada wa fedha, hawakuwa na shirika lililosajiliwa wala kiongozi wa kukamatwa. Silaha yao kubwa ilikuwa jina: walimwita rais Zakayo, mtoza ushuru wa Injili aliyepanda mtini. Fumbo la mimbari lilikuwa limehamia barabarani. Waliuawa wengi, na wengine walitekwa na watu wasiojulikana. Lakini mswada uliondolewa.

9. Hitimisho

Imeelezwa kwamba Kiswahili kilifika katika mashamba ya Timau kikiwa lugha ya mnyapara na chifu, na kwamba maneno yake ya kukusanyika, yaani baraza na chama, yalichukuliwa na dola yakageuzwa. Imeelezwa pia kwamba watu walijibu kwa njia tatu: kwa fumbo pale kauli ilipokuwa ya hatari, kwa mnyambuliko wa kutendana pale walipohitaji kujiita pamoja, na kwa kulinyakua jina la dhihaka na kulifanya la heshima.

Kazi iliyobaki ni ya wenye lugha. Sheria, hukumu na taarifa za bajeti nyingi bado hufika kwa Kiingereza, ilhali onyo la polisi hufika kwa Kiswahili. Maadamu hali ni hiyo, mwananchi ataendelea kuamrishwa katika lugha aijuayo na kupewa haki katika lugha asiyoijua. Idara za Kiswahili zinazofundisha tafsiri zisiihesabu kazi hii kuwa ya wanasheria peke yao. Baraza ni kikao cha mbele ya nyumba, na anayeketi hapo ana haki ya kuelewa yanayosemwa na kuyajibu.